Konokono Ameingia, Konokono Ametoka

Guangzhou, Jumamosi. Mvua tangu asubuhi, joto la kunata mwilini, na mimi nina furaha hadi nataka kupasuka.

Konokono amefaulu!

Ni roboti yetu, kigari cha minyororo kinachoenea kwenye begi. Tumemuunda hapa chuoni aingie kwenye kinu cha nyuklia kilichopata ajali, apige picha za fueli ya nyuklia iliyoyeyuka chini kabisa, mahali ambapo mtu hawezi kusimama akapona. Zege nene la humo huzuia mawimbi ya redio, kwa hiyo tunamwongoza kwa waya. Na huo waya ulinitesa! Kila jaribio ulinasa kwenye kona, akakwama. Profesa akasema wazi: akikwama tena, inakwenda roboti ya timu nyingine.

Jumapili iliyopita, baada ya ibada, nilikwenda Zhanqian Road kumsaidia Mama Neema, mfanyabiashara wa Lubumbashi ninayesali naye, kufunga mizigo yake ya nguo. Mimi na usomi wangu nikasimama sehemu moja, nikawa nauvuta utepe wa gundi kuuzungusha mzigo. Ukajisokota, ukakatika. Akaninyang'anya roli.

"Mais non, laoban! Scotch habaivutake, banatembeaka nayo!"

Aliniita bosi kwa kunicheka tu: utepe hauvutwi, mtu hutembea nao. Akauzunguka mzigo na roli mkononi, utepe ukajilaza nyuma yake bila ubishi.

Nikaduwaa. Sisi tulikuwa tunaburuta waya wote kutoka mlangoni.

Wiki hii tumembebesha roboti roli lake la waya mgongoni, na ndipo akapata jina. Leo, kwenye jengo la majaribio, gizani na majini, amepita kona zote akiuacha waya ulale alipopita. Picha ya sakafu ya chini ilipotokea kwenye skrini, nilipiga kigelegele mbele ya profesa. Wenzangu Wachina walishtuka, kisha wakajaribu na wao. Vibaya sana, lakini kwa moyo wote.

Sasa ndiye atakayekwenda kwenye kinu chenyewe. Na huko harudi, maana atakuwa amejaa mionzi. Jioni nimemfuta matope taratibu, nikalia kidogo, wala sioni aibu.

Maana asipoingia yeye, ipo siku atatumwa mtoto wa mtu.

Nenda, Konokono. Nimekuunda kwa ajili hiyo, na leo najivunia kukuaga.