Ukuta wa Mzee Laban

Jumatatu, 4 Novemba 1957. Ruiru.

Magunia ya kahawa yamejaa mpaka mlangoni. Nimekata mabati mawili mapya ya herufi, mkono unauma. Naweka bati juu ya gunia, napaka wino, nainua, herufi zinabaki. Kisha nafuta bati kwa tambara la mafuta ya taa. Miaka tisa kazi ni hiyo. Na kwa mke wangu hiyo ndiyo dhambi yangu. Kufuta.

Jerida alijiunga na Watu wa Alama wakati wa Pasaka. Wanaamini kila kilichoandikwa kina uhai, kwamba Mungu amekaa mle kwenye mistari. Ukifuta umeua. Ukichoma umeua. Nyumba yetu kule Makongeni, Thika, imejaa vipande vya magazeti na pakiti za sigara zilizookotwa barabarani. Mhindi wa duka anamfungia sukari kwa gazeti, naye akifika nyumbani analipigia magoti lile gazeti. Jana niliwasha jiko kwa nyasi kavu, kama mchunga mbuzi. Leo alfajiri nimeondoka bila kuaga.

Jumatano, 6 Novemba.

Barua kutoka kwa Jerida, imeletwa na dereva wa lori. Nimefungua. Hakuna neno hata moja. Alama tu, imechorwa kwa makaa: mstari umesimama, mwingine umepinda chini yake, nukta tatu. Mke niliyemfundisha kusoma kwa mkono wangu mwenyewe, leo ananiandikia mikwaruzo ya kuku.

Karatasi hiyo nimewashia stovu. Chai ilichemka vizuri.

Jumamosi, 9 Novemba. Makongeni.

Nina hasira mpaka kalamu inatoboa karatasi.

Rebeka, binti yetu, hajaenda shule wiki nzima. Mwalimu Eliud ndiye aliyeniambia, tumekutana pale stesheni. Alimwambia mtoto afute kibao chake aandike hesabu nyingine. Rebeka akakataa. Mwalimu akakifuta mwenyewe, mtoto akapiga ukelele darasa zima likasimama. Eti ameua. Mtihani wa darasa la nne ni Jumanne ya tarehe 19. Asipoufanya, hakuna darasa la tano. Atabaki kuchuma kahawa ya watu hadi azeeke.

Nimemuuliza Jerida. Amejibu polepole, hata hakunitazama. "Baba Rebeka, mtoto hatashika kifutio. Nimeshafiwa mara moja, inatosha."

Marehemu mwanetu Ezra hahusiki hapa. Nimemwambia hivyo.

Jumapili, 10 Novemba.

Nimeenda kumwona huyo Laban, mkuu wao. Zamani alikuwa akifagia ofisi ya mzungu mmoja hapa Thika, akitumwa kuchoma makaratasi kila Ijumaa. Siku moja akaona, kwa maneno yake, yanalia. Hajui kusoma hata jina lake! Na huyo ndiye wanayemsujudia.

Nyumba ya sala ni chumba kimoja cha udongo, kimepakwa chokaa. Ukuta wa mbele umejaa alama kwa mkaa, juu mpaka chini, hakuna mbili zinazofanana. Waumini wanaingia wameinamisha vichwa na kugusa kila mtu yake kwa kidole kimoja. Jerida alipiga magoti akagusa moja ya chini, usawa wa paja. Alikaa pale muda mrefu.

Nilimwambia Laban amwachilie mtoto wangu aende shule. Mzee ana adabu, hilo sikatai. Alinipa kiti.

"Shule si mbaya, fundi. Kufuta ndiko kubaya. Waambie waandike bila kufuta."

Waandike bila kufuta! Kwani kibao kina ukubwa wa uwanja wa ndege? Niliondoka kabla sijamshika shati.

Jumanne, 12 Novemba. Ruiru.

Kazi. Sina la kuandika. Nimekasirika tangu nilipoamka.

Alhamisi, 14 Novemba.

Leo nimekata bati na kulipindua, herufi zikatoka kinyume kwenye magunia kumi na manane. Msimamizi amenitukana mbele ya watu. Magunia yamegeuzwa, nimepaka upya upande wa pili. Sijawahi kukosea hivyo. Ni Laban aliyenipotosha mkono.

Nimeamua. Mtoto anaogopa kwa sababu hajaona. Akiona alama zinafutwa na hakuna anayekufa, woga utamtoka. Dawa ya moto ni moto. Tambara langu nitalibeba.

Jumamosi, 16 Novemba. Makongeni.

Nimefanya.

Saa nane mchana watu wote walikuwa sokoni. Nilimshika Rebeka mkono, tukaingia kwa Laban. Mlango haufungwi, hawana cha kuibiwa. Nikamwambia tazama vizuri. Nikamwagia tambara mafuta ya taa, nikaanza juu, nikashuka. Mkaa na chokaa vilitoka pamoja, tambara likawa jeusi, nikaligeuza. Rebeka hakupiga kelele. Nilipofika chini alinishika mkono wa shati akasema, "Baba, hiyo acha." Nikadhani ni woga uleule. Nikafuta.

Kisha nikamwambia, umeona? Nani amekufa? Jua linawaka, kuku wanatembea.



Jumapili, 17 Novemba.

Laban alikuja asubuhi. Nilitegemea matusi, hata polisi. Alisimama mlangoni, akasema "Poleni" kwa Jerida, akaenda zake. Waumini wengine wamekaa nje ya nyumba ya sala tangu jana, hawaimbi.

Jerida hakulia mbele yangu. Rebeka ndiye aliyeniambia, akiosha vyombo, bila kuinua kichwa. Zile alama ni watu. Nyingi ni watoto waliokufa. Mama anakuja kwa Laban, anamweleza mtoto alivyokuwa, alivyocheka, alivyolala, na mzee anachora mara moja tu. Hairudiwi. Ukichora ya pili, huyo ni mtu mwingine.

Ile ya chini ilikuwa ya Ezra. Iliwekwa chini ili ilingane na kimo chake.

Mstari umesimama, mwingine umepinda, nukta tatu. Ile barua. Jerida aliinakili kwa ruhusa maalumu ya mzee, ili nami niwe nayo huko Ruiru. Niliichemshia chai.

Surua ilimchukua mwaka jana, akiwa na miaka miwili. Nilifika Thika walipokuwa wameshamzika. Niliahidi kumkatia bati la jina, lipigiliwe msalabani. Mimi, mkata herufi. Nimekata majina ya mashamba yote ya wazungu kuanzia hapa hadi Kalimoni. La Ezra sijakata. Kila nikishika bati mkono ulikataa, kisha nikawa na kazi nyingi, kisha nikawa na hasira na Jerida.

Najichukia. Nimeandika, na sifuti.

Jumanne, 19 Novemba.

Niliomba ruhusa kazini. Saa moja asubuhi Jerida alimvisha Rebeka sare, akamsuka, akampa penseli na kifutio.

"Nenda mama. Futa ukikosea. Cha kulindwa hakipo tena."

Mtoto alikwenda. Nilipata nilichokitaka. Nilikaa kwenye kizingiti mpaka aliporudi. Anasema mtihani haukuwa mgumu. Alikosea mara mbili, akafuta.

Ijumaa, 22 Novemba. Ruiru.

Saa ya chakula nimekata bati. Herufi nne. E, Z, R, A. Dakika ishirini tu. Mwaka mzima na nusu, kwa dakika ishirini.

Jumamosi, 23 Novemba. Makongeni.

Nimempa Jerida bati. Amelipitishia kidole, herufi moja moja, kama alivyogusa ukuta. Aliweka maji ya chai.

Kesho tutaenda makaburini watatu. Bati lilikuwa bado na mafuta ya mashine, nikatafuta lile tambara langu nililoliacha hapa wiki jana, nilifutie. Halikuwa mfukoni mwa koti wala kwenye kikapu cha nguo chafu. Nikafungua sanduku la Jerida.

Limo. Halijafuliwa, bado linanuka mafuta ya taa. Limekunjwa vizuri, mkaa ukiwa kwa ndani, limelazwa juu ya sweta la Ezra.

Nimefunga sanduku. Bati nimelifuta kwa shati langu.