Jiwe la Mpaka Katikati ya Mihogo Yangu

Ludara, Jumanne, 1987

Bado nina hasira. Leo nimewakuta wapima ardhi wa serikali wakichimba shimo la jiwe la mpaka katikati ya mihogo yangu. Upande wa chini, wenye maji, wamempa Juma, jirani yangu mfanyabiashara. Mimi mwenye shamba sikuitwa.

Nilimuuliza mkubwa wao kwa nini. Akajibu bila kuniangalia, "Mama, sisi tulitangaza zamani. Wewe hapana kuja. Sasa maneno imekwisha."

"Mulitangaza wakati gani?"

"Wakati ya vita."

Wakati wa vita, eti. Koboko yetu nzima, hapa Uganda, ilikuwa imekimbilia Zaire na Sudan. Mimi nilikuwa kambini, namzika mume wangu.

"Mulitangazia nani?" nikamuuliza. "Mbuzi?"

Vibarua wakacheka. Yeye hakucheka. Nikaingia ndani ya lile shimo, nikakaa, nikamwambia jiwe halitaingia mpaka nisikilizwe mbele ya wazee na majirani. Juma, aliyekuwa amesimama kando yao, alitazama chini. Anajua vizuri kwamba baba mkwe wangu ndiye aliyefyeka pale.

Jua lilipokuwa kali, yule mkubwa akachoka. "Basi, mama. Ijumaa, nyuma ya sala, utasema." Wakaondoka na jiwe lao.

Naiogopa hiyo Ijumaa. Sijazoea kusema mbele ya wanaume wengi, na pengine wameshaamua. Lakini kinachoniuma zaidi ni kwamba walipoondoka nilimwambia yule mkubwa asante. Asante ya nini?