Sekunde Kumi na Moja

Mjomba, shikamoo.

Mama anakusalimu. Huku hatujambo, ila kiti changu kimevunjika mguu, siku hizi nahariri filamu nimekalia ndoo.

Ujumbe wako nimeupata. Unataka nikikate kile kimya chako kwenye filamu, pale ulipoulizwa kama ulijua ukuta ulioua vibarua wako ulikuwa na ufa. Ulinyamaza sekunde kumi na moja, ndipo ukasema, "Hapana."

Miaka ishirini nakata watu wakikohoa na kusitasita. Hiki sikikati ng'o! Eti damu nzito kuliko maji. Kwani ya wale vibarua ilikuwa maji?

Ila kama ni lazima nikukatie kitu, mjomba, nitaikata hiyo "hapana."

Ni mimi mpwa wako, yuleyule mbishi.