Mbio Nilizozikawiza

Mjukuu wangu Neema,

Anayekusalimu ni mpiga kriketi hodari kuliko wote waliozaliwa Uvira, na dunia ina bahati haikunijua. Bibi yako iko muzima, anasema nipunguze uongo. Kaka yako amepata mtoto mwenye masikio yangu, maskini.

Unauliza kwa nini timu yenu huko Kampala ilishinda mechi na bado haikufuzu. Hata minye, babu yako, jambo hilo lilinipata, wakati wa vita. Askari wa kulinda amani walitufundisha mchezo, wakaweka ligi ya timu tatu: Songo, Nyakabere na sisi wa Mulongwe. Itakayofuzu ingepewa karatasi za kuvuka mpaka ikacheze Bujumbura. Mama yangu alikuwa amekimbilia huko akiwa mgonjwa, na mpaka ulikuwa umefungwa. Usingizi sikuupata wiki nzima.

Mechi ya mwisho, na Songo, nilipiga taratibu, nikilinda vijiti vitatu vilivyosimama nyuma yangu, maana mpira ukiviangusha mpigaji anatolewa.

“Weye, piga!” kapiteni wetu aliita. “Vijiti si mke wako.”

“Fundi hakimbizwi,” nikamjibu.

Tukashinda. Lakini timu zote tatu zililingana kwa ushindi, na zikilingana hufuzu ile iliyokusanya mbio zake, yaani alama, upesi zaidi. Songo wakavuka. Minye nilivuka mwaka uliofuata, nikaonyeshwa kaburi.

Watu wote nimewaambia sikuijua kanuni hiyo. Neema, kapiteni alinieleza asubuhi ileile, mara mbili. Niliogopa tu kutolewa mbele ya watu.

Babu yako