Kadi za Heri Mwaka wa Matanga

Hamada, Shimane
19 Januari 2025

Mpendwa Dada Tazuko,

Hujambo, na shemeji hajambo? Goti lako limekubali kupanda ngazi za kanisa, au bado linakusumbua? Huko Londrina mko katikati ya joto. Hapa theluji inaanguka na kuyeyuka siku hiyohiyo. Mke wangu Michie ana mafua, mimi nina miaka sitini na minne. Mengine ni ya kawaida.

Ubani wako ulifika. Ahsante.

Tulimzika mama, shangazi yako, Jumapili iliyopita, siku ya arobaini na tisa tangu afariki. Fundi aliinua jiwe, nikaiweka mifupa yake iliyobaki baada ya kuchomwa kando ya mifupa ya baba, kasisi wa hekalu akasoma, tukala. Dada yangu Setsuyo hakuja. Najua utauliza, kwa hiyo nakueleza.

Kazi yake unaijua: saikolojia ya ukuaji, hasa ya vijana wa chuo. Alipoanza kufundisha hapa mkoani aliwachukua wanafunzi wa mwaka wa kwanza mia mbili na ushee, akawafuata mpaka leo wana mvi. Kila mwaka mpya huwatumia kadi yenye swali lilelile: je, unajiona umeshakuwa mtu mzima? Nao hujibu: ndiyo, bado, au nusunusu. Kwa majibu hayo alionyesha kwamba kati ya miaka kumi na minane na kukaribia thelathini kuna umri wa peke yake: mtu ametoka utotoni, lakini hajafika. Ni kazi nzuri, sikatai. Wazazi wengi waliacha kuwaita watoto wao wavivu kwa sababu yake.

Mimi hakuniuliza. Baba alikufa nikiwa na miaka kumi na minane. Setsuyo akaendelea na masomo, mimi nikaingia kazi gazetini. Sikusoma chuo, kwa hiyo sikuwamo.

Mama alipofariki nilimkumbusha Setsuyo kwa simu: tuko kwenye matanga, hatutumi kadi za heri. Desemba tunatuma taarifa ya msiba, basi, kama watu wote.

“Nikituma msiba watanyamaza,” alisema. “Siku hizi watu wanatafuta kisingizio tu cha kuachana na kadi. Na huu ni mwaka wangu wa mwisho kabla ya kustaafu. Mama angeelewa.”

“Mama hakuwa mwanafunzi wako.”

“Wewe Eiji umezoea habari ambazo kesho zinafungiwa samaki. Mimi nimejenga kitu.”

Akazituma zote. Zilikuwa na picha ya nyoka, mnyama wa mwaka huu kwa kalenda yetu, anacheka. Hata mimi niliipata moja, Januari mosi asubuhi, mifupa ya mama ikiwa bado sebuleni. Na Jumapili ya maziko alikuwa mji mmoja jirani na Tokyo, akiwahutubia vijana waliotimiza miaka ishirini. Kuhusu nini? Kuhusu kuwa mtu mzima.

Kwenye chakula alikuwepo Bwana Kuranaga, muuza pombe wa karibu na stesheni, mmoja wa wale wanafunzi. Akauliza, “Mwalimu yuko wapi?” Nikamwambia anahutubia. “Aa,” akasema, akatoa kadi mfukoni. “Juzi nimemfukizia mama yenu ubani, leo huyu ananichekea. Sasa nimfanyeje nyoka huyu?”

“Mchemshe,” Michie akamjibu.

Kasisi ndiye aliyeanza kucheka. Kisha Kuranaga akasema hakujibu swali. Mfiwa hajibiwi kadi ya heri. Alingoja wiki ya kwanza ya mwaka ipite, akamwandikia kadi ya salamu za majira ya baridi, na pole ndani yake.

Kumbe hakuwa peke yake. Jana Setsuyo alinipigia.

“Wameandika pole tu! Hakuna aliyejaza jibu, hata mmoja. Wamejuaje? Ni wewe na gazeti lako. Mmeniharibia mwaka.”

Ni kweli, tangazo la kifo nililipeleka mimi mwenyewe, Novemba, na jina la Setsuyo, binti mkubwa, likiwa la kwanza, kama desturi. Wanafunzi wake wengi bado wanaishi mkoani na wanasoma ukurasa wa vifo. Nililisoma tena jana. Halina kosa.

Akaanza kunisomea salamu hizo kwa hasira. Mmoja anamuuliza kama anakula vizuri. Mwingine alikuja kwetu zamani, bado anakumbuka matango ya chumvi ya mama. Wa tatu anamwambia asijisumbue kujibu, apumzike.

“Haya nitayaweka wapi?” akasema. “Miaka thelathini na minne nawauliza kama ni watu wazima, leo wananiandikia matango!”

“Dada,” nikamwambia, “wamekujibu.”

Akakata simu. Hajapiga tena.

Machi, siku ya kuzuru makaburi, tutakwenda kuliosha jiwe. Nimemwachia ujumbe wenye tarehe na saa, sikuongeza neno. Akija, ndoo na kata ziko langoni mwa makaburi. Asipokuja, nitaliosha mwenyewe, kama nilivyokuwa nikimwosha mama.

Nisalimie shemeji Oswaldo, na Kiyomi na watoto wake. Michie anakuombea goti. Mungu wako wa huko na wazee wetu wa huku wakuweke salama, wote kwa pamoja.

Nabaki mdogo wako akupendaye,
Eiji