Pembe ya Kitambaa cha Babu

Jumamosi, 5 Julai 2025

Leo nimeinamiwa na Mjapani. Mimi, Linus, sekyuriti wa mnara wa wapangaji hapa Silicon Oasis, Uarabuni, kofia kichwani, jasho mgongoni!

Ilikuwa hivi. Eisii, mashine ya baridi ya chumba chetu nyuma ya risepsheni inavuja tena. Maji yamelowesha begi langu lote. Nikatoa kitambaa cha Babu, nikakitandaza kwenye kiti kikauke. Bwana Hirose wa ghorofa ya tisa akaja kuchukua kifurushi, akachungulia mlangoni, akakiona. Kisha akainama mpaka nikaona utosi wake.

Baadaye ndipo nilipotambua. Hakuniinamia mimi. Alikiinamia kitambaa.

Akauliza nimekipata wapi. Nikamjibu kifua mbele: babu yangu alimnyang'anya afisa wenu, Burma, 1944, mji unaitwa Tamu. Tuliwapiga! Neno likishatoka halirudi. Huyu ni mpangaji, akinishtaki kwa meneja, khalas, kazi imekwisha, narudi Mwingi. Lakini ameomba tu kupiga picha. Nimemruhusu. Picha itamla nani?

Jumapili, 27 Julai 2025

Mama amepiga baada ya kanisa. Judy, dada yangu mdogo, amepata viza. Riyadh, kazi ya nyumbani. Anapanda ndege Jumamosi tarehe 16 Agosti. Kwa hiyo kitambaa kirudi nyumbani haraka.

Kwetu ndivyo ilivyo. Yeyote anayevuka bahari huvikwa kitambaa cha Babu mabegani. Ni bendera yao, tunajua – nguo iliyokuwa nyeupe, sasa rangi ya chai, duara jekundu katikati, maandishi meusi pande zote. Mama husoma Zaburi ya 121. Msafiri anabonyeza kidole gumba kwenye pembe ya chini, penye herufi ndogo zilizopinda. Mara tatu. Susu, bibi yetu, alisema nguvu yote iko pale. Pembe yenyewe imekuwa ya kahawia kwa vidole vya ukoo mzima. Kisha unaondoka nacho, na ukirudi unakirudisha.

Mimi niko nacho mwaka wa sita. Hapo ndipo penye kidonda changu. Virginia, binti wa shangazi, alienda Riyadh mwaka 2022 bila kitambaa. Aliniomba nimtumie. Nikasema sawa, nitampa mtu. Nikazembea – leo, kesho, wiki ijayo. Akaondoka bila. Alirudi ndani ya sanduku. Karatasi ilisema ni moyo. Miaka ishirini na sita, moyo!

Tonny wa kanisani kwetu anaenda Kenya tarehe 11, na kwao ni Mwingi vilevile. Atakibeba. Nimemwahidi Mama. Safari hii sizembei, liwe liwalo.

Jumatano, 6 Agosti 2025

Niandike polepole.

Bwana Hirose ameshuka na karatasi. Picha ile aliituma kwao, kwa watu wanaotafuta wenye bendera kama hizi. Kumbe kijana akiitwa jeshini, majirani na jamaa walimwandikia majina yao juu ya bendera, akaenda nayo kifuani. Hii ina majina arobaini na moja. Mwalimu wake. Wenzake wa kiwanda cha mbao. Maneno makubwa yanamtakia heri ya vita. Mwenyewe aliitwa Tadao.

Nikamwonyesha pembe yetu. Hapa pameandikwaje?

Akaweka miwani. Fumi, akasema. Miaka sita. Ni mwandiko wa mtoto anayejifunza kuandika. Dada yake mdogo.

Na Fumi yuko hai! Ana miaka tisini. Mwaka 1945 waliletewa kisanduku cha mbao, wakaambiwa ndiye Tadao. Walipofungua walikuta jiwe. Jiwe tu. Mpaka leo hajui kaka yake alifia wapi.

Bwana Hirose anaenda kwao Jumatatu tarehe 11 jioni. Ni siku zao za kuwakaribisha marehemu nyumbani. Alinieleza hayo yote, akashukuru, akapanda lifti. Hakuniomba kitambaa! Hilo ndilo limeniudhi. Angeomba ningemkatalia, tukamalizana.

Tarehe 11. Tonny asubuhi, Hirose jioni. Kitambaa kimoja.

Ijumaa, 8 Agosti 2025

Ofu, siku yangu ya mapumziko. Nimelala kambini kwetu wafanyakazi na simu, nimesoma vita vya Wajapani mpaka macho yakauma.

Manchuria, 1931. China, 1937. Halafu mwishoni mwa 1941 na mwaka uliofuata mambo yakaenda mbio: Malaya, Singapore, Ufilipino, Burma, mpaka mlangoni mwa India. Kwetu tunamjua mtu wa namna hii. Ni jirani anayesogeza jiwe la mpaka hatua moja kila msimu. Mara ya kwanza unanyamaza, mara ya tatu yuko uani kwako. Ila Mwingereza aliyeporwa Burma naye alikuwa ameipora! Na Babu, mchunga mbuzi wa Mwingi, akapakiwa melini kwenda kuamua kesi ya shamba la wenyewe.

Mwaka 1944 Wajapani wakaingia India. Wakubwa wao waliwaambia watakula chakula cha adui. Wakashindwa Imphal, wakashindwa Kohima, wakarudi nyuma kwenye mvua bila hata punje. Askari wa Afrika Mashariki wakawafuata bonde la Kabaw, tope magotini. Mwaka uliofuata, mabomu mawili, miji miwili. Tarehe 15 Agosti mfalme wao akasema redioni kwamba basi. Wiki ijayo ni miaka themanini.

Sasa niandike lile ambalo sijawahi kumwambia mtu. Hakukuwa na afisa.

Babu aliniambia nikiwa na miaka kumi na miwili, tukichambua mbaazi. Afisa alikuwa wa kuwapa wazee wenzake wakati wa pombe. Ukweli ni kwamba pale Tamu walikuta maiti kila mahali, njaa na kuhara. Kijana mmoja alikuwa ameegemea ukuta wa hekalu, bado hai. Hana viatu. Mbavu unazihesabu. Babu akampa maji kwenye chupa yake. Akanywa kidogo. Akachomoa kitambaa kifuani, akamwekea Babu mikononi, akabonyeza kidole gumba kwenye pembe. Mara tatu. Babu akafikiri anaonyeshwa jinsi dawa inavyotumiwa. Naye akabonyeza. Kijana akatikisa kichwa kukataa – Babu alilisema hilo, nakumbuka vizuri, alitikisa kichwa! – akabonyeza tena. Kisha akafa.

Dawa! Miaka themanini na moja tunabonyeza. Naye alikuwa akisema, mpelekee huyu.

Jumamosi, 9 Agosti 2025

Nimempigia Mama. Nimemweleza yote, na afisa wa uongo pia. Amesikiliza bila kunikatiza. Kisha akauliza: huyo mama wa Japani ana miaka tisini, Judy ana ishirini na mitatu. Kati yao nani ana safari mbele yake?

Ndipo akatoa lile ambalo amelimeza miaka mitatu. “Virginia alikuomba, Linus.” Akakata simu.

Nimeingia bafuni, nimefungua maji, nimelia kama mtoto. Sioni aibu kuandika.

Khalfan, mwenzangu wa shifti, Mzanzibari, aliniona macho. Nikamsimulia. Akakoroga chai yake weee, kisha: “Hiyo ni amana, ndugu yangu. Amana hairithiwi. Hurudishwa kwa mwenyewe.” Rahisi kwake. Dada yake hapandi ndege.

Judy amepiga mwenyewe jioni, kwa siri, yuko nyuma ya jiko. Anasema haogopi kazi. “Naogopa nikuwe huko na hakuna mtu anajua niko wapi, kaka.” Hapo nikakumbuka. Virginia alinyang'anywa simu miezi minne. Minne! Tulikuwa tunaomba kanisani, na hakuna hata mmoja wetu aliyejua ni nyumba ipi, mtaa upi. Nikamuuliza Judy: jina la kafeel wako, huyo mwajiri? Hajui. Anwani? Wakala amesema atajua akifika.

Akifika! Nikawaka. Sio kitambaa kilichomkosesha Virginia uhai. Nilizembea, ndiyo, na nitalibeba. Lakini sote tulizembea zaidi ya hapo. Hakuna aliyeuliza anwani.

Na Tadao je? Majina arobaini na moja kifuani, na hakuna aliyejua ameegemea ukuta gani.

Nimeamua. Sasa nalala.

Jumapili, 10 Agosti 2025

Siku ndefu. Miguu inawaka.

Kwanza wakala. Nimempigia Nairobi kabla ya kanisa. Nimemwambia bila jina la kafeel, anwani na namba ya simu, dada yangu hapandi ndege. Akacheka. Akasema nafasi hiyo ina wasichana kumi wanaoisubiri. Nikasema mpe wa kwanza kati yao, yalla, haraka, nasubiri uniambie umempa nani. Saa moja baadaye vyote vitatu vikaingia kwenye simu yangu. Nikaipiga namba. Akapokea mwanamke, nikajitambulisha, nikasema mimi ni kaka yake Judy na nitakuwa nikipiga kila Ijumaa. Akasema inshallah. Nimeandika: Ijumaa.

Halafu dukani Al Rigga. Mita moja ya pamba nyeupe na kalamu nyeusi isiyofutika. Muuzaji ameuliza ni ya sherehe? Nimesema ni ya safari.

Katikati, pale ambapo bendera yao ina jua, nimeandika JUDY. Kuzunguka, majina – na kila jina na namba yake ya simu. Sharti moja tu: usiandike kama hutapokea. Wawili wa kanisani wamerudisha kalamu, na nimewaheshimu kwa hilo. Mchungaji ameandika. Tonny ameandika. Khalfan ameandika kwa madaha yote, na Fauziya, msafishaji wetu kutoka Mombasa, ameandika yake na ya dada yake aliyeko Riyadh hukohuko. Bwana Hirose amepiga magoti sakafuni pa risepsheni kuandika, mbele ya wapangaji! Majina ishirini na tisa. Anwani ya kafeel nimeiandika chini ya jina la Judy, kubwa.

Pembe ya chini nimeiacha tupu. Ni ya Mama.

Sijamwambia Mama chochote. Nimempigia mara tatu. Hapokei.

Jumatatu, 11 Agosti 2025

Asubuhi nimempa Tonny kitambaa kipya, ndani ya bahasha, na barua. Akauliza, na kile cha zamani? Nikasema hakiendi. Akanitazama kama mtu anayetaka kunihubiria. Kisha akafunga begi.

Alasiri Bwana Hirose ameshuka na sanduku lake, suti nyeusi, Agosti hii! Nilikuwa nimekikunja kitambaa vizuri. Kabla sijakitoa nimebonyeza pembe. Mara tatu, ya mwisho. Nikamkabidhi kwa mikono miwili, alivyokabidhiwa Babu.

Alikuwa na swali kutoka kwa Fumi. Ameliandika asikosee. Je, kaka yangu alisema chochote?

Nikamwambia amjibu hivi. Hatukujua lugha yake. Alikunywa maji, babu yangu alimpa. Alionyesha jina lako mara tatu, tena mara moja zaidi, na sisi hatukuelewa. Tumechelewa. Mtusamehe.

Bwana Hirose akaandika kila neno. Kisha akainama. Safari hii ilikuwa kwangu. Nimehakikisha – mikono yangu ilikuwa mitupu.

Teksi ilipoondoka nilijisikia mwepesi, na nikaogopa wepesi wenyewe. Niliahidi sitazembea. Mama atasema nimefanya vibaya zaidi.

Jumanne, 12 Agosti 2025

Niko dyuti. Naandika chini ya kaunta.

Saa saba. Judy ameandika: Tonny amefika nyumbani. Mama ameifungua bahasha mwenyewe. Ameuliza, kiko wapi? Tonny akampa barua. Mama amemrudishia, akasema asomewe kwa sauti.

Saa saba na nusu. Barua imesomwa. Alipofika pale kijana anapotikisa kichwa, Mama alisema rudia hapo. Tonny akarudia.

Saa nane na robo. Nimepiga. Hapokei. Mpangaji wa ghorofa ya tano anataka kujua kwa nini maji ni ya moto kwenye bomba la baridi. Kwa sababu ni Agosti, mama yangu!

Saa tisa. Judy: Mama ameketi uani na kitambaa mapajani. Anayasoma majina moja moja kwa kidole. Akifika kwenye jina asilolijua anauliza, huyu ni nani? Judy naye hawajui. Nimemwandikia wote, ishirini na tisa, mmoja mmoja: Fauziya ni msafishaji, Khalfan anapenda chai, Hirose ndiye aliyekipeleka kile cha zamani.

Saa tisa na nusu. Amepita jina la Hirose. Amerudi kwenye jina la Hirose.

Saa kumi kasoro robo. Judy anasema amefika kwenye pembe tupu. Ameomba kalamu. Anaishika tu. Shangazi, mama yake Virginia, ameingia uani, na Mama amemsogezea kiti karibu.

Saa kumi. Mama ameuliza kama wino huu unatoka nguo ikifuliwa.

Nimejibu: hautoki, Mama.

Judy amesoma. Simu inaonyesha anaandika. Imeacha. Anaandika tena –