Minazi Minane ya Kerege

Baba yangu,

Shikamoo. Ijumaa nilikuja kaburini kwako na Mzee Kombo. Nilisoma Fatiha, kisha ulimi ukaniganda. Basi nakuandikia, maana yale mambo yake na yangu yamekwisha, na wewe ndiwe wa kwanza kustahiki kujua.

Siku tuliyokuzika nilisimama kama ilivyo desturi, nikawaambia watu, "Anayemdai baba yangu aje kwangu." Nilisema kwa kifua, Baba, kwani nilijua hukopi hata kiberiti. Arobaini haijafika, Mzee Kombo akaja kutoka Mlingotini. Alisema umekufa una deni lake la shilingi mia mbili, na minazi yetu minane ya Kerege uliiweka rehani kwake. Karatasi hana. Ulikopa za nini? Hasemi. Nikamwita mwongo, tena barazani kwetu, pale pale mlipokuwa mkinywa kahawa. Mzee wa watu akainuka, akavaa makubadhi yake, akaenda kunishtaki kwa Liwali.

Siku ya shauri nilikwenda na kanzu niliyoishona mwenyewe na maneno tele. Liwali hakuyataka. Aliniuliza kama niko tayari kuapa kwa Msahafu kwamba silijui deni hilo. Nikanyanyua mkono. Hapo nikakumbuka: kila tulipoangua nazi za Kerege ulikuwa ukiniambia, "Za minane hii mpelekee Kombo." Miaka mitatu nimezipeleka kwa punda, nikidhani ni zawadi ya urafiki. Mkono ukashuka wenyewe.

Liwali akamtaka Mzee Kombo aseme fedha zilikuwa za nini. Kwanza alinitazama mimi. Kisha akasema, "Za cherehani yake huyu. Baba yake alinikataza nisimwambie, asije akajiona mzigo."

Nililia mbele za watu, Baba. Mimi uliniambia umeinunua kwa kuuza mbata za nazi zetu.

Haikufika kuhukumiwa. Liwali alitupa nafasi tukazungumze nje, tukarudi tumepatana. Nazi alizokwisha kuchukua zihesabiwe katika deni, maana mwenyewe alisema hataki kula faida ya rafiki. Nusu iliyobaki nilipe kwa mafungu matatu, kila tukiangua, na minazi irudi kwetu siku ya fungu la mwisho. Karani akayaandika mapatano yale yawe amri ya baraza la Liwali, akatusomea. Mimi nikatia sahihi, yeye akatia dole gumba. Pale mlangoni nikamwomba radhi. Akanijibu kwamba nimechelewa, amenisamehe zamani, njiani alipokuwa akija kunishtaki. Ndivyo alivyo, unamjua.

Fungu la mwisho nilitaka kumpa dukani kwangu, akakataa. Alitaka kulipokea mbele yako. Ndiyo maana Ijumaa ulitusikia wawili. Alizitia fedha mfukoni bila kuzihesabu, akainama akasema, "Sikudai tena, rafiki yangu. Pumzika." Akatangulia kuondoka, akatuacha nasi tuagane.

 Nilitaka kukuambia kwamba ningeijua siri yako ningeikanyaga cherehani ile kwa adabu zaidi.

Lala salama, Baba. Mungu akupanulie kaburi lako. Kila Ramadhani nitashona kanzu mbili za mayatima kwa jina lako, bila ujira. Na kesho mkwezi anapanda Kerege. Nazi za minane ile nitampelekea Mzee Kombo kama siku zote, na safari hii ni zawadi kweli.

Mwanao,
Saidi